"Lakini" Isiyotamkwa: Kuhitimu Masomo katika Filamu za Ozu Yasujiro, 1929–1936

1.0 Utangulizi

Mnamo Septemba 1929 kampuni ya Shochiku ya Japani ilitoa filamu bubu iliyoongozwa na Ozu Yasujiro, aliyekuwa na umri wa miaka 25. Filamu hiyo iliitwa Daigaku wa deta keredo, jina ambalo kwa tafsiri ya haraka ni "Nimehitimu Chuo Kikuu, Lakini..." Ilihusu kijana aliyemaliza masomo asipate kazi ya hadhi aliyoitarajia. Jina lake lilitoka upesi katika kumbi za sinema likaingia vinywani mwa watu, likawa msemo wa Wajapani wa kumtaja msomi asiye na ajira. Filamu yenyewe haikubahatika kama jina lake. Kilichosalia leo ni vipande vinavyofikia dakika kumi na moja hivi.

Miaka saba baadaye, Septemba 1936, Ozu alitoa filamu yake ya kwanza ya hadithi yenye mazungumzo ya kusikika, Hitori musuko, yaani "Mwana wa Pekee". Ni rahisi kuzitenga filamu hizi mbili, ile ya awali ikawekwa pamoja na vichekesho vya ujana ambavyo Ozu alivitengeneza kwa wingi mwanzoni, na hii ya pili ikawekwa pamoja na tanzia za kifamilia zilizomletea sifa duniani baada ya Vita vya Pili. Makala hii inadai kwamba mgawanyo huo unaficha jambo la msingi. Mwana wa Pekee ndiyo filamu inayomalizia sentensi iliyoachwa ikining'inia mwaka 1929. Na ajabu ni kwamba, ijapokuwa ni filamu ya sauti, haiimalizii kwa maneno.

Suala hili lina uzito wa pekee kwa yeyote anayekusudia kuziwekea filamu hizi maandishi ya Kiswahili. Mtafsiri atakabiliana na maneno matatu ambayo kila moja limebeba mtazamo kamili kuhusu elimu: keredo, yoi toko na erai. Uchambuzi unaofuata unaongozwa na maneno hayo.

2.0 Keredo

Sentensi Daigaku wa deta keredo ina vipashio vinne. Daigaku ni chuo kikuu. Wa ni kipashio kinachoonyesha mada ya sentensi, na mara nyingi huitenga mada hiyo na mambo mengine yasiyotajwa. Deta ni wakati uliopita wa kitenzi deru, ambacho maana yake ya msingi ni "kutoka". Keredo ni kiunganishi cha ukinzani. Nafsi haimo. Kijapani hakihitaji kusema ni nani aliyetoka chuoni, ilhali Kiswahili hakiruhusu kitenzi cha namna hii kisimame bila kiambishi cha nafsi. Hapo ndipo ugumu wa kwanza unapojitokeza, kwa kuwa mtafsiri analazimika kuamua kama asema "nimehitimu", "amehitimu" au "tumehitimu". Kila chaguo linabadili kina cha jina. "Nimehitimu" ni malalamiko ya mtu mmoja, na "amehitimu" ni umbeya wa majirani. "Tumehitimu" ni kauli ya kizazi, nayo ndiyo inayolingana zaidi na jinsi msemo huo ulivyokuja kutumika.

Ugumu wa pili uko katika kitenzi. Kijapani kinamwona mhitimu kama mtu aliyepita mlangoni kwenda nje. Kiswahili kina picha tofauti. Kuhitimu kumetokana na neno la Kiarabu lenye maana ya kufunga au kutia muhuri, na katika miji ya pwani mtoto alihitimu alipomaliza kusoma Kurani chuoni, siku ambayo ilikuwa ya furaha kwa wazazi na mwalimu wake. Aliyehitimu amekamilisha jambo. Mtu "aliyetoka" hajakamilisha chochote. Amebadili mahali tu, na swali la anakokwenda lingali wazi. Tafsiri inayotumia "kuhitimu" inampa kijana wa Ozu ukamilifu ambao filamu yenyewe inamnyima.

Ugumu wa tatu, na mkubwa zaidi, ni keredo. Kiunganishi hiki huja mwishoni mwa kishazi, na katika mazungumzo ya kawaida Mjapani anaweza kukomea hapo, akamwachia msikilizaji kazi ya kujaza yaliyobaki. Ni njia ya adabu ya kueleza jambo lisilopendeza bila kulitaja. Katika Kiswahili "ingawa" na "ijapokuwa" hutangulia kishazi, kwa hiyo msikilizaji huonywa mapema. "Lakini" hufungua kishazi cha pili, na ikiachwa peke yake husikika kama mtu aliyekatizwa. Kiambishi -japo-, kama katika "nijapohitimu", kinakaribia zaidi tabia ya keredo kwa sababu kinaubeba ukinzani ndani ya kitenzi na kuifanya sentensi isubiri. Hata hivyo kinaelemea kwenye jambo la kudhaniwa, wakati kuhitimu kwa kijana huyu kumekwisha kutokea. Kwa kuzingatia hayo, huenda tafsiri bora ni "Chuo tumetoka, lakini..." Kuitanguliza nomino kunaihifadhi kazi ya wa: chuo, hicho angalau, tumetoka.

3.0 Kabla ya mtihani na baada yake

Hali iliyozaa jina hilo haikuanza na mporomoko wa soko la hisa la New York, ambao ulitokea Oktoba 1929, baada ya filamu kwisha kuonyeshwa. Mizizi yake iko nyuma zaidi. Amri ya Vyuo Vikuu ya mwaka 1918 iliruhusu taasisi binafsi kupewa hadhi ya chuo kikuu, na mwaka 1920 Waseda na Keio zikawa za kwanza kuipata. Idadi ya wahitimu ikaongezeka katika muongo ambao uchumi ulikuwa ukiyumba, kuanzia mdororo uliofuata Vita vya Kwanza, kupitia tetemeko la ardhi la Septemba 1923, hadi msukosuko wa mabenki wa mwaka 1927. Jamii ilikuwa imezoea kuamini kwamba shahada ni cheti cha kuingilia tabaka la watu wa mishahara. Kabla imani hiyo haijapata nafasi ya kujisahihisha, nafasi zenyewe zikapungua.

Katika filamu ya 1929, kijana Nomoto anaikataa kazi ya kupokea wageni ofisini kwa kuiona ni ya chini mno kwa msomi. Mama yake na mchumba wake wanakuja kutoka shambani wakiamini kwamba amekwisha kuajiriwa, naye anawaficha ukweli. Ukweli unapomfikia mchumba, unamfikia kwa mchezo wa maneno: Nomoto anamwonyesha jarida liitwalo Sunday Mainichi, yaani "Jumapili" na "kila siku". Kwake yeye kila siku ni Jumapili. Utani huu hauhitaji kusikika. Unasomwa kwenye jalada la jarida, na mwongozaji wa filamu bubu hakuweza kutamani zana bora zaidi. Mwishoni kijana anajishusha, anakwenda kuiomba kazi ileile aliyoikataa, na kwa kujishusha huko anapewa kazi ya mshahara wa kweli. Yafaa kusema wazi kwamba mwisho huu ni dhaifu. Filamu inalijibu swali la kijamii kwa tuzo ya tabia njema.

Rakudai wa shita keredo ya mwaka 1930 ni kazi ya ujasiri zaidi, ingawa inachekesha zaidi. Jina lake limeigeuza ile ya kwanza: "Mtihani tumeanguka, lakini..." Hapa mtafsiri wa Kiswahili anapata faraja, kwa maana alama ya kwanza ya neno rakudai ina maana ya kuanguka, sawasawa na Waswahili wasemavyo mtu ameanguka mtihani. Wanafunzi wanaokaribia kuhitimu wanapanga kuiba majibu. Mmoja anaandika majibu mgongoni mwa shati lake ili wenzake walioketi nyuma wayasome, na shati hilo linachukuliwa kupelekwa kwa dobi. Aliyelitegemea anaanguka. Wenzake waliofaulu wanahitimu, kisha wanakaa chumbani bila kazi na bila fedha, wakiukumbuka uanafunzi walioukimbilia kuumaliza. Aliyeanguka amebaki na sare yake, michezo yake na marafiki wapya.

Kejeli hii ni kali kuliko inavyoonekana. Katika filamu ya kwanza keredo ilifuatia kufaulu, ikadokeza hasara. Katika hii inafuatia kushindwa, na inadokeza faida. Mtihani, ambao ulipaswa kutenganisha wanaostahili na wasiostahili, umepoteza kazi yake. Ozu mwenyewe aliwahi kuanguka mitihani ya kuingia vyuo vya juu, akafundisha kwa mwaka mmoja hivi katika shule ya msingi ya kijiji cha milimani huko Mie, kisha akaingia Shochiku mwaka 1923 kama msaidizi wa mpiga picha. Chuo kikuu alichokionyesha kwa mapenzi makubwa hakukisoma kamwe. Labda ndiyo sababu madarasa na kumbi za mihadhara hazichukui nafasi kubwa katika filamu zake, ilhali vyumba vya kupanga, kuta zilizobandikwa matangazo ya sinema za Marekani, na mikahawa ambayo mwanafunzi hula kwa deni, vinaonyeshwa kwa uangalifu wa mtu anayehesabu mali.

Kufikia Seishun no yume ima izuko ya mwaka 1932, kicheko kimeanza kukauka. Mwanafunzi anarithi kampuni ya baba yake kabla ya kuhitimu, na rafiki zake wanamwendea kuomba kazi. Mtihani wa kuajiriwa unageuka kuwa marudio ya ule wa chuoni, nao wanasaidiwa kuufaulu kwa udanganyifu uleule. Tofauti ni kwamba sasa aliyekuwa mwenzao wa kuibiana majibu ni mwajiri. Mmoja wao, aitwaye Saiki, yuko tayari kumwachia tajiri wake msichana aliyemposa, kwa hofu ya kupoteza kazi. Tajiri anapogundua, anampiga makofi mengi mbele ya wenzake, na onyesho hilo linaendelea kwa muda unaomkera mtazamaji. Urafiki wa chuoni umeshindwa kuvuka mlango.

4.0 Kuja kwa sauti, na "mahali pazuri"

Japani ilichelewa kuiacha filamu bubu, na sababu mojawapo ilikuwa kwamba filamu zake hazikuwahi kuwa bubu kikamilifu. Kila ukumbi ulikuwa na benshi, msimulizi aliyesimama kando ya pazia akieleza kisa na kuigiza sauti za wahusika. Wapo mabenshi waliopendwa kuliko waigizaji wenyewe. Msomaji anayeyajua mabanda ya video ya Dar es Salaam au Kampala, ambamo msimulizi huipa filamu ya kigeni sauti mpya na mara nyingi kisa kipya, hatapata shida kuelewa nguvu ya sanaa hiyo. Filamu ya kwanza ya Kijapani yenye mazungumzo kamili iliyofanikiwa sokoni, Madamu to nyobo ya Gosho Heinosuke, ilitolewa na Shochiku mwaka 1931. Mabenshi waligoma mwaka uliofuata, lakini mgomo haukuweza kuzuia kilichokuwa kinakuja.

Ozu aliendelea na filamu zisizo na mazungumzo kwa miaka mitano zaidi. Ahadi ilihusika: mpiga picha wake, Mohara Hideo, alikuwa akibuni mtambo wake mwenyewe wa kunasa sauti, na Ozu alikuwa amemwahidi kwamba filamu yake ya kwanza ya mazungumzo ingetumia mtambo huo. Mwanzoni mwa 1936 Shochiku ilihamia studio mpya za Ofuna, zilizotumia mtambo mwingine. Kwa hiyo Mwana wa Pekee ikatengenezwa katika studio kuukuu za Kamata zilizokwisha kuhamwa, na kazi ikafanyika usiku kwa sababu treni zilizopita karibu zilivuruga sauti mchana. Filamu iliyojaa kelele za viwanda ilinaswa katika saa ambazo jiji lilikuwa limelala.

Mapema mwaka huohuo wa 1936 Ozu alikuwa ametoa filamu yake ya mwisho kuhusu maisha ya wanafunzi, Daigaku yoi toko, ambayo haikuwa na mazungumzo ya kusikika. Nakala zake zimepotea zote. Nayo Mwana wa Pekee ilitokana na mradi wa filamu bubu uliokuwa umeachwa njiani, ambao jina lake lilikuwa Tokyo yoi toko. Yoi toko ni "mahali pazuri", maneno yenye harufu ya nyimbo za watu zinazosifia miji na chemchemi. Chuo Kikuu ni mahali pazuri. Tokyo ni mahali pazuri. Kiswahili, kwa ngeli zake za mahali, kinaweza kumlazimisha msemaji aseme zaidi ya Kijapani. "Chuoni ni pazuri" ni sifa ya mahali panapojulikana na kuonyeshwa kwa kidole; "chuoni ni kuzuri" ni sifa ya huko mbali, na "chuoni ni mzuri" inaingia ndani ya kuta. Mama wa kijijini anayemtuma mwanawe Tokyo hawezi kusema zaidi ya "kuzuri", kwa maana hajawahi kufika. Mwana aliyeishi huko ndiye angeweza kusema "ni pazuri", na filamu nzima inamsubiri aseme.

5.0 Mwana wa Pekee

Kisa kinaanza mwaka 1923 huko Shinshu, eneo la milima lililotegemea hariri. Tsune, mjane, anafanya kazi kiwandani akizongoa nyuzi kutoka kwenye vifukofuko vya viwavi. Mwanawe Ryosuke anamaliza shule ya msingi. Mwalimu, Okubo, anakuja nyumbani kumpongeza Tsune kwa uamuzi wake wa kumpeleka mtoto shule ya sekondari. Uamuzi huo Tsune hakuufanya. Mtoto ndiye aliyemdanganya mwalimu kwa kuona aibu. Mama anapokea pongezi, na mwalimu akiisha kuondoka anamzaba mwanawe kofi. Kisha, baada ya kufikiri, anakubali: atafanya kazi, mtoto asome, awe mtu mkubwa.

Hapa Ozu amerudi nyuma kuliko alivyowahi kurudi katika filamu za wanafunzi. Zile zilianzia karibu na mlango wa kutokea. Hii inaanzia mlango wa kuingilia, na inataja bei. Tena elimu yenyewe inaanza kwa uongo mdogo wa mtoto, kama vile katika Daigaku wa deta keredo kuhitimu kulivyofuatiwa na uongo mdogo kwa mama.

Kinachofuata ni mruko. Kutoka 1923 filamu inaruka hadi 1935, kisha 1936. Miaka yote ya masomo imeachwa nje. Mtazamaji haoni darasa la Ryosuke, mtihani wake, wala mahafali yake. Yale ambayo filamu za awali zilikuwa zimeyafanya kuwa maudhui yao yote, yaani sare, shati lenye majibu na nyimbo za kushangilia timu, hapa yamekuwa pengo. Kuhitimu kumetokea kati ya picha mbili. Ndiyo kusema filamu hii ni kishazi kile kinachopaswa kufuata baada ya keredo.

Mama, akiwa amezeeka na angali kiwandani, anasafiri kwenda Tokyo. Anagundua kwamba mwanawe ana mke na mtoto ambao hakuambiwa habari zao, kwamba anafundisha jometri katika shule ya usiku, na kwamba nyumba yake iko ukingoni mwa jiji ambako kelele za kiwanda cha jirani haziishi. Mwalimu Okubo, aliyekwenda Tokyo na ndoto zake mwenyewe za kujiendeleza, amefungua mkahawa mdogo wa kuuza nyama ya nguruwe ya kukaanga. Hayupo anayemlaumu mwenzake. Wote wanatabasamu, wanainamiana kwa heshima, na wanakopa fedha ili mgeni astareheshwe.

Sauti inatumikaje katika hali hiyo? Jambo la kwanza ni kwamba mazungumzo, zana mpya ambayo watazamaji walikuwa wamesubiri kuisikia kutoka kwa Ozu, yanatumika hasa kuficha. Wahusika wanasema hali ya hewa, chakula, afya za watu waliowajua kijijini. Jambo la pili ni kwamba kelele ndizo zinazosema ukweli. Mashine za hariri za Shinshu zinazosikika mwanzoni zinapata mwangwi wao katika mashine za Tokyo, na mtazamaji anaelewa, bila kuambiwa, kwamba mwana aliyetolewa kwenye mngurumo mmoja amefikishwa kwenye mngurumo mwingine. Umbali wote ambao mama ameulipia kwa miaka kumi na mitatu umefutwa na sikio.

Onyesho linalothibitisha kwamba Ozu aliitafakari kwa makusudi zana aliyoishika ni lile la sinema. Ryosuke anampeleka mama yake kuona filamu ya Kijerumani ya mwaka 1933 kuhusu mtunzi Schubert, Leise flehen meine Lieder, na kwa fahari anamweleza kwamba hii ndiyo ile filamu inayosema. Mama anatazama kidogo, kisha kichwa kinaanza kulala upande. Ni kichekesho cha hali ya juu, na kinaumiza vilevile. Fahari ya pekee ambayo mwana anaweza kumwonyesha mama yake kama tunda la maisha ya mjini ni mtambo wa sauti, na mtambo huo unasema lugha ambayo hakuna mmoja wao anayeijua.

Mazungumzo ya kweli yanatokea mara mbili. Mara ya kwanza, mama na mwana wamechuchumaa kwenye uwanja mtupu karibu na tanuri la kuchomea taka za jiji. Ryosuke anauliza kama mama amevunjika moyo, na anakiri kwamba pengine ingekuwa heri asingetoka kijijini. Mara ya pili ni usiku. Mama anamkemea kwa kukata tamaa, na ndipo anapotoa siri aliyokuja nayo: nyumba ameiuza, shamba la miforosadi limekwenda pia, na sasa anaishi katika nyumba za wafanyakazi za kiwanda. Vyote vililipia masomo. Mke wa Ryosuke anasikia na kulia. Baada ya hapo kamera inageukia pembe ya chumba isiyo na mtu na kubaki hapo kwa muda mrefu mno. Hakuna anayesema wala kupita. Katika filamu bubu picha ya namna hii ingejazwa na sauti ya benshi. Hiyo ilikuwa kazi yake. Katika filamu ya sauti ukimya unakuwa halisi kwa mara ya kwanza, na Ozu, ambaye alionekana kuichelewesha sauti kwa kuipenda filamu bubu, anakuwa mtu wa kuutumia ukimya ambao filamu bubu za Japani hazikuwa nao.

6.0 Erai

Siku inayofuata mke anauza kimono chake ili mama atembezwe jijini kabla ya kurudi. Safari hiyo haifanyiki. Mtoto wa jirani, mjane kama Tsune alivyokuwa, anapigwa teke na farasi na kupelekwa hospitali, na Ryosuke anampa mama wa mtoto fedha zote. Tsune anafurahi kuliko ambavyo angefurahishwa na matembezi. Anamwambia mwanawe kwamba pengine angekuwa tajiri asingelitenda hilo.

Hapa inawezekana kudai kwamba filamu imerudia udhaifu wa 1929, yaani kulijibu swali la kijamii kwa tabia njema. Hoja hiyo ina uzito, na ingekuwa sahihi kama filamu ingeishia hapo. Haiishii hapo. Ryosuke anamweleza mkewe kwamba atasoma tena, afanye mtihani wa kupata cheti cha kufundisha shule za juu zaidi. Mtu mzima mwenye mke na mtoto amerudishwa mlangoni, kwenye mtihani mwingine, na filamu haisemi kama ataufaulu. Mama naye anarudi Shinshu.

Kiwandani mfanyakazi mwenziwe anamuuliza habari za Tokyo. Tsune anajibu kwamba mwanawe amekuwa erai. Neno hili ndilo lililotumika mwaka 1923 mama alipomruhusu mtoto asome. Maana zake ni pamoja na ukubwa wa cheo, kuheshimika na utu uliotukuka, na ndiyo maana linamfaa Tsune: anaweza kulisema mbele ya mwenziwe likasikika kama habari ya cheo, huku mwenyewe akiwa na sababu ya kuamini kwamba anasema juu ya zile fedha alizopewa mjane. Mtafsiri akiandika "amekuwa mkubwa", amechagua cheo na kumfanya Tsune kuwa mwongo. Akiandika "amekuwa mwema", amemfanya mkweli na kuua uchungu wote, maana hakuna aliyeuza shamba la miforosadi ili mwanawe awe mwema. Kiswahili kina njia ya tatu iliyo karibu zaidi. Wazazi wa Kiswahili humwambia mtoto asome ili "awe mtu", na neno "mtu" katika matumizi hayo hubeba hadhi na utu bila kuvitenganisha. Ikiwa mwaka 1923 Tsune atapewa maneno "usome, uwe mtu", basi mwaka 1936 anaweza kumwambia mwenziwe, "Amekuwa mtu," na mzani ukabaki ulivyo.

Akiisha kusema hivyo, Tsune anatoka nyuma ya kiwanda na kuketi peke yake. Tabasamu alilolivaa mbele ya mwenziwe linaondoka usoni. Kisha linaonekana lango la kiwanda, limefungwa. Keredo haitamkwi popote katika picha hizi za mwisho, wala maandishi ya Kiswahili hayatakuwa na kitu cha kuandika chini yake.